Hardy Krüger na Somo la Kukataa

Filamu iitwayo Hatari! ilipigwa mwishoni mwa 1960 na mwanzoni mwa 1961 katika nchi yetu, ilipokuwa bado Tanganyika na bado chini ya Mwingereza. Ilipoanza kuonyeshwa duniani mwaka 1962, bendera ilikwisha kubadilika. Kambi yake kubwa ilikuwa Momella, upande wa mashariki wa Mlima Meru. Aliyesoma theolojia Makumira anaijua njia ya kwenda huko: ni ile inayopanda kutoka Usa River, inapita Ngurdoto, inaelekea Ngare Nanyuki. Kutoka Marekani alikuja John Wayne. Kutoka Italia alikuja Elsa Martinelli, ambaye katika hadithi analea watoto wa tembo hadi akaitwa Mama Tembo. Na kutoka Ujerumani alikuja kijana wa miaka thelathini na kitu, mwenye nywele nyeupe kama za mtoto wa Kizungu, jina lake Hardy Krüger. Kazi ilipokwisha wenzake walirudi makwao. Yeye alinunua shamba palepale Momella, akajenga nyumba ya wageni, akakaa zaidi ya miaka kumi.

Tunajua kuna msomaji atakayeuliza mwigizaji wa sinema anatafuta nini ndani ya kitabu cha imani. Hata sisi hatudai kwamba alikuwa mtu wa ibada. Tunamleta hapa kwa ajili ya neno moja ambalo makanisa yetu ya milimani hulitumia sana kuliko kulitafakari, nalo ni utii. Maisha ya mtu huyu, na filamu zake tano au sita zilizo bora, zinalichokonoa neno hilo mahali ambapo sisi wahubiri tumezoea kupita haraka.

Alizaliwa Berlin tarehe 12 Aprili 1928. Wazazi wake walikuwa wafuasi waaminifu wa Hitler, na mtoto alikuwa mtii kwa wazazi. Akiwa na miaka 13 alichaguliwa kuingia katika shule ya Sonthofen, mojawapo ya shule zilizobeba jina la Adolf Hitler mwenyewe na kukusudiwa kulea watawala wa kesho. Huko mtoto alifundishwa michezo, nidhamu, ujasiri, na chuki. Akiwa bado mwanafunzi alichukuliwa kuigiza katika Junge Adler, filamu ya propaganda iliyotoka 1944, kuhusu vijana wanaojifunza kazi katika kiwanda cha ndege. Mtoto mwenye sura nzuri, mtii, mwenye nywele nyeupe: serikali ile isingeweza kuomba zaidi.

Lakini ndani ya studio hiyohiyo ya serikali alikuwako mwigizaji mtu mzima, Hans Söhnker, ambaye hakuwapenda Wanazi na ambaye alikuwa akiwasaidia Wayahudi kujificha. Söhnker alimweleza kijana habari za kambi za mateso. Mtu anaweza kufikiri ni jambo dogo, mazungumzo ya mtu mzima na kijana. Katika Ujerumani ya 1944 mazungumzo hayo yangeweza kumgharimu Söhnker kichwa chake, kwa sababu alikuwa akimwambia siri mwanafunzi wa shule ya Hitler. Tunaona hapa kazi ya mlezi kwa maana yake kamili, na imefanywa na mtu asiyekuwa mchungaji wala katekista.

Miezi ya mwisho ya vita, mwaka 1945, Krüger na vijana wenzake walitiwa katika kikosi cha SS kilichoitwa Nibelungen na kupelekwa kupambana na Wamarekani. Aliamriwa awafyatulie risasi askari wa Kimarekani waliokuwa wakija. Hakufyatua. Alihukumiwa kifo kwa kosa la uoga. Ofisa mwingine wa SS aliizuia hukumu isitekelezwe, na baadaye kijana akatoroka, akaishia mikononi mwa Wamarekani akiwa mfungwa. Hakuwa amefikisha miaka 18.

Kisa hiki tumekipata kwa kinywa chake mwenyewe, na mhakiki ana wajibu wa kukumbuka hivyo. Lakini tazameni namna alivyokisimulia. Hakujiita shujaa. Alisema tu kwamba hakuweza. Jeshi liliita uoga, naye hakugombana sana na neno hilo. Aliacha lisimame lilivyo, kama mtu anayeacha hesabu ubaoni ili wanafunzi waitazame.

Sasa tumweke kando kidogo, tuitazame nyumba yetu.

Katika Katekisimo Ndogo, amri ya nne inatutaka tuwaheshimu baba na mama, na Luther anaipanua hadi kwa mabwana wote walio juu yetu. Kila mtoto wa kipaimara Usangi anaweza kukariri maelezo hayo bila kupumua. Tumeyafundisha vizuri. Tumeyafundisha vizuri kuliko maelezo ya amri ya kwanza, ingawa Luther mwenyewe alipanga kazi yake kwa makusudi: kila anapoeleza amri yoyote anaanza kwa kumcha Mungu na kumpenda, ili amri ya nne ining'inie kwenye ya kwanza kama ndoo kwenye kamba. Ukikata kamba, ndoo haitoki kisimani. Na Ungamo la Augsburg la 1530, ambalo kila mchungaji wetu huahidi kulishika siku ya kubarikiwa, linasema katika kifungu cha 16 kwamba Wakristo wawatii wenye mamlaka isipokuwa pale wanapoamriwa kutenda dhambi. Hapo linatuelekeza Matendo ya Mitume 5:29. Hilo neno "isipokuwa" ni fupi, na limezeeka kwa kutotumiwa.

Wajerumani wa kizazi cha wazazi wa Krüger walikuwa na katekisimo hiyohiyo. Wengi wao walikuwa Walutheri kama sisi. Walikariri amri ya nne vilevile. Wako waliosimama: Azimio la Barmen lilitolewa 1934, na Dietrich Bonhoeffer alinyongwa Flossenbürg tarehe 9 Aprili 1945, karibu na majuma yaleyale ambayo kijana wetu alikuwa na bunduki mkononi. Lakini waliosimama walikuwa wachache, na waliokaa kimya hawakukosa vifungu. Walikuwa na Warumi 13, na walijua kuisoma.

Krüger hakupata uanafunzi rasmi wa uigizaji. Alianza na vipande vidogo jukwaani Hamburg, akapanda polepole, na Ujerumani ya baada ya vita ilimpenda kwa sababu alikuwa kijana, safi, na hakuwaletea watu maswali. Kilichomtoa huko ni filamu ya Kiingereza ya 1957, The One That Got Away, iliyoongozwa na Roy Ward Baker. Anaigiza Franz von Werra, rubani wa Kijerumani aliyekuwa mfungwa wa Waingereza na aliyetoroka mara kwa mara mpaka akafaulu kutokea Kanada. Waandishi wa London walimpokea Krüger kwa maswali makali juu ya miaka yake ya unazi, naye hakuificha. Filamu yenyewe ni nzuri kwa mbio zake, lakini kwetu ina kasoro moja: inampenda mtu anayekimbia bila kuuliza anakimbilia nini. Von Werra wa kweli alirudi kuupigania upande uleule. Uso wa Krüger unaifanya tabasamu ya mfungwa ionekane ya kitoto, na mtazamaji anasahau kuuliza.

Hatari! ni mchezo mkubwa zaidi na mwepesi zaidi. Mwongozaji Howard Hawks aliwataka waigizaji wafukuze na kukamata wanyama wao wenyewe, na ndivyo walivyofanya. Krüger ni Kurt Müller, dereva wa zamani wa magari ya mashindano, anayeendesha gari la kuwaswaga wanyama. Vumbi ni vumbi la kweli na kifaru ni kifaru kweli. Hatuna ugomvi na furaha hiyo. Ugomvi wetu uko kwenye nchi yenyewe inavyoonyeshwa. Waafrika wamo karibu katika kila picha ya uwindaji, wameshika kamba, wameng'ang'ania pembeni mwa lori, wanahatarisha maisha sawasawa na John Wayne, lakini jioni inapofika na Wazungu wanapoketi sebuleni kupendana na kutaniana, hatuonyeshwi wale wengine wamekwenda kulala wapi. Jina la filamu limetoka katika lugha yetu, ila hadithi yetu haikutakiwa.

Na Momella haikuwa nchi tupu. Novemba 1951, miaka tisa tu kabla kamera hazijafika, serikali ya kikoloni iliwahamisha kwa nguvu Wameru kama 3,000 kutoka Ngare Nanyuki, jirani kabisa na hapo, ili kuwapisha walowezi. Wengi wao walikuwa Walutheri. Mwaka 1952 Kirilo Japhet alisafiri hadi New York kuwatetea mbele ya Umoja wa Mataifa. Hakushinda kesi, lakini watu wa Kaskazini walijifunza kwamba mtu anaweza kumkatalia mtawala kwa maneno na kwa karatasi. Katika Hatari! nyika ile ile imekaa kimya kama vile imeumbwa juzi. Hatumwekei Krüger dhambi ya amri ambayo hakuitoa. Tunasema tu kwamba mtu aliyeipenda nchi hii kiasi cha kununua kipande chake, akaandika kitabu juu ya shamba lake mwaka 1970, na kumwita binti yake Malaika, alikaa juu ya ardhi yenye historia ya kukataa iliyokuwa ndugu wa historia yake mwenyewe.

Filamu anayostahili kukumbukwa kwayo ilitoka mwaka huohuo wa 1962, na ni ya Kifaransa: Les Dimanches de Ville d'Avray ya Serge Bourguignon. Ilipata tuzo ya Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Tunaomba msomaji avumilie, maana hapa tutakaa.

Krüger ni Pierre, rubani wa kivita aliyeanguka na ndege huko Indochina. Kumbukumbu yake imepotea, isipokuwa kivuli kimoja: anaamini kwamba wakati anaanguka alimwua mtoto wa kike. Anaishi karibu na Paris na muuguzi anayempenda, hana kazi, ametulia kama nyumba ambayo wenyewe wamehama. Siku moja kituoni anakutana na baba anayempeleka binti yake wa miaka 12 kwenye shule ya masista, akiwa na nia ya kumwacha huko moja kwa moja. Jumapili inayofuata masista wanadhani Pierre ndiye baba, naye hakanushi. Kuanzia hapo kila Jumapili wanatembea pamoja kando ya mabwawa.

Masista wanamwita mtoto Françoise, kwa sababu jina lake la kweli, Cybèle, si la Kikristo. Anaahidi kumwambia Pierre jina hilo siku atakapomletea yule jogoo wa chuma aliye juu ya mnara wa kanisa. Usiku wa Noeli mtoto anampa zawadi ya kipande cha karatasi, na juu yake ameandika jina. Pierre naye anapanda mnara, anamng'oa jogoo kwa kisu, anarudi kwa mtoto aliyelala. Majirani wamekwisha kunong'ona, mtu amekwisha kupiga simu, na polisi wanapomwona mwanamume mwenye kisu kando ya mtoto wanampiga risasi. Mtoto akiulizwa jina lake analia kwamba hana tena.

Kuna mambo mawili hapa. La kwanza ni mwigizaji. Mtu aliyekataa kuua akiwa kijana anaigiza mtu anayeamini ameua. Krüger hafanyi vile waigizaji wengi wanavyofanya wakipewa majonzi, hatoi macho wala hapigi kelele. Anatembea polepole, mikono imelegea, kama mtu anayesikiliza sauti iliyo chumba cha pili. Tunaamini ujuzi huo hakuupata shuleni. Angeweza kabisa kuwa Pierre. Ilihitaji kidole kimoja tu kivutwe.

La pili linatuhusu sisi wa Usangi moja kwa moja. Injili ya Kilutheri ilifika kwetu Shigatini mwaka 1900, ikiletwa na Misheni ya Leipzig, na pamoja na ubatizo yalikuja majina. Wazee wetu wengi waliacha mlangoni jina walilopewa na bibi zao wakaingia na jina la Biblia au la Kijerumani. Walitii. Hatusemi kwamba jina la Biblia ni mzigo, tumelibeba sisi wenyewe na tunalishukuru. Lakini masista wa Ville-d'Avray hawakuwa watu wabaya. Walikuwa wema, walimpa mtoto kitanda na chakula, na wakamnyang'anya kitu kimoja ambacho hawakujua kwamba ni kitu. Katika filamu nzima aliyemwuliza mtoto jina lake na kulingoja ni yule mtu mwenye akili iliyovunjika. Na polisi waliomwua nao walikuwa watii. Waliitikia simu, waliona kisu, wakafanya kazi yao.

Filamu zilizobaki tutazipitia kwa haraka. The Flight of the Phoenix ya 1965 inamweka jangwani kati ya watu walioanguka na ndege. Yeye ni mhandisi wa Kijerumani anayedai anaweza kuunda ndege mpya kutokana na mabaki, na wenzake wanagundua baadaye kwamba ndege alizokuwa akibuni ni za kuchezea. Ni kazi safi, yenye ucheshi mkavu. Msomaji atakuwa ameona: kiwanda cha ndege, rubani, rubani tena, mbunifu wa ndege. Vita haikumwachia sura nyingine.

Mbili za mwisho ni za ajabu zaidi. Katika Barry Lyndon ya Stanley Kubrick, 1975, Krüger ni Kapteni Potzdorf, ofisa wa Prussia anayemtambua askari mtoro, anamwekea mbele uchaguzi wa kutumikia au kukabidhiwa, na hivyo kumrudisha jeshini. Kijana aliyepona hukumu ya kifo anavaa koti la mtu anayekamata watoro, na analivaa vizuri, kwa adabu na tabasamu, jambo linalotisha kuliko ukali. Mwaka 1977 katika A Bridge Too Far anaigiza jenerali wa SS. Wengine wamemlaumu kwa kukubali. Sisi tunaona kwamba nani mwingine angeweza kutuonyesha kwamba amri mbaya hutolewa mara nyingi kwa sauti ya kistaarabu? Watoto wetu wanatazamia ibilisi mwenye pembe. Potzdorf anakaribisha mvinyo.

Uzeeni alikwenda mashuleni Ujerumani kuwasimulia wanafunzi aliyoyapitia na kuwaonya juu ya Wanazi wapya. Alifariki California tarehe 19 Januari 2022, akiwa na miaka 93.

Tunarudi milimani. Mwaka huohuo wa 1945, mwezi Januari, Wapare kwa maelfu walishuka Same kupinga kodi iliyoitwa mbiru, kodi ya kupandishwa kwa kadiri ya mali ya mtu. Walitoka pande nyingi za Upare, Usangi ikiwamo. Hawakubeba mikuki. Walikaa pale bomani, wakapokezana kwa zamu miezi na miezi, wengine wakirudi kulima na wengine wakishuka. Ofisa alipopanda Usangi baadaye, wanawake walimkabili na kumwambia awarudishe waume zao nyumbani au abebe yeye majukumu ya waume hao, yote. Mwishowe kodi ile ilifutwa. Katika umati ule walikuwamo Wakristo wetu wengi, watu waliokariri amri ya nne, na vita vilikuwa vimekwisha kuwaondoa wamisionari wa Kijerumani, hivyo hakukuwa na Mzungu wa kuwauliza kama inaruhusiwa.

Hatujasikia mahubiri juu ya mbiru. Profesa Isaria Kimambo, mtoto wa Upare, aliandika kitabu juu yake, kwa hiyo habari ipo. Lakini katika masomo ya kipaimara Daniel yumo, vijana watatu wa tanuru wamo, Luther mbele ya Kaisari pale Worms mwaka 1521 yumo, wote wakiwa watu wa mbali waliovaa mashuka. Bibi zao waliosimama Usangi hawamo. Mtoto anajifunza kwamba kukataa ni kazi ya Biblia na ya Ulaya, na kwamba kazi ya Mpare ni kuitikia.

Matokeo yake tunayaona tunapokaa na familia. Msichana wa kidato cha pili anaamriwa na mjomba kuacha shule akaolewe, anainamisha kichwa, na anapoulizwa kwa nini hakusema, anajibu kwa amri ya nne, bila kukosea neno. Kijana anaagizwa na mwajiri wake mjini abadilishe hesabu, anabadilisha, kisha anakuja kuungama kwa kosa la wizi, wala haioni ile hatua iliyotangulia wizi. Wote wawili tumewabariki wenyewe pale madhabahuni.

Darasa letu la kipaimara la mwaka huu limesomewa kisa cha Sonthofen na kisa cha bomani Same juma moja, kimoja baada ya kingine, pamoja na kile kifungu cha 16. Vijana walimwelewa Krüger upesi kuliko tulivyotazamia. Waliposikia habari za bibi zao walicheka kwanza, kwa aibu, kisha wakanyamaza. Swali lililochukua saa nzima liliulizwa na msichana aliyekaa nyuma, na halikumhusu Krüger wala akina bibi. Alitaka kujua habari za yule ofisa wa SS aliyezuia hukumu: kama siku ile alikuwa anamtii mtu, ni nani.